Bakuli la Yeyo

Themi, Arusha

Jumapili, 8 Januari 1995

Lomayani, ndugu ya mume wangu, amenishushia mama mkwe leo mchana kama mtu anavyoshusha gunia la viazi. Amesimamisha pikapu mbele ya lango la Mama Evaresta, mwenye nyumba wangu, akamshika mkono yule mama hadi kibarazani, akaweka chini blanketi mbili na kibuyu cha maziwa. Akaniambia, "Shemeji, daktari anataka awe karibu na hospitali. Kule Olmotonyi hakuna wa kumshusha kila wiki. Na wewe ndiye mke wa Lesian." Akageuza gari, vumbi likabaki na sisi wawili.

Mke wa Lesian! Jina hilo hukumbukwa palipo na mzigo. Lesian alipopunguzwa kazi, kama walivyopunguzwa wengi, alikwenda Mererani kuchimba tanzanaiti. Alisema ni miezi mitatu. Huu ni mwaka wa pili. Na Mererani siyo Ulaya, ukitoka hapa asubuhi, chai ya saa nne unainywa huko. Ila mtu asiyetaka kurudi, hata ng'ambo ya barabara ni mbali.

Mama mkwe amekaa kitandani kwangu, akatazama dari, akatazama jiko la mafuta ya taa, akanitazama mimi mwisho. "Wewe Mchaga, mwanangu hajafika?"

"Hajafika, Yeyo."

Yeyo ni mama, kwa Waarusha. Miaka sita namwita hivyo, yeye ananiita Mchaga. Jina lake ni Namelok, maana yake mwenye utamu. Walimpa akiwa mchanga, hawakujua.

"Atakuja," amesema. "Akisikia niko mjini atakuja. Huo mlango usiufunge."

Jumanne, 10 Januari

Hospitali. Daktari amenitoa hadi koridoni akaniambia ni uvimbe kwenye njia ya chakula, na kwamba hauwezi kukatwa. Nimemuuliza itakuwaje. Ametazama kalenda ukutani, halafu ametazama viatu vyangu. Amesema nimpe vitu laini, vya baridi, anachopenda.

Anachopenda ni nyama na maziwa ya mgando. Nyama haipiti. Maziwa anasema yanamkaba.

Alhamisi, 12 Januari

Joto limeshika. Mlima Meru umekaa uchi tangu asubuhi, hakuna hata kipande cha wingu cha kuusitiri.

Niandike kazi yangu, maana hata mimi huisahau kuwa ni kazi. Tangu kiwanda chetu cha nguo kifungwe natengeneza saladi, naiuza kwenye vikombe vya plastiki maofisini, upande wa Mnara wa Saa. Siku hizi kila mwenye Landrova mbili amefungua kampuni ya kutembeza watalii, na vijana wa ofisini humo wamejifunza kula papai kwa uma. Nawashukuru. Hapa mtaani wananiita Mama Kachumbari, kwa kuwa sina mtoto wa kuitiwa jina lake.

Leo vimebaki vikombe viwili. Yeyo alikuwa hajala tangu jana, uji umemshinda, kila kitu cha moto kinamchoma. Nikachukua bakuli jeupe lenye ua la buluu. Tango nimelimenya nikalikata vipande. Embe lililoiva nusu. Papai. Nyanya bila mbegu. Kitunguu nimekikanda kwa chumvi, nikakiosha mpaka kikaacha ukali. Nikakamulia ndimu, nikanyunyiza giligilani, nikaliweka bakuli kwenye friji la Mama Evaresta katikati ya soda zake mpaka likatoa jasho kwa nje.

Yeyo amelitazama. "Hii ni nini?"

"Saladi, Yeyo."

"Ni majani."

"Ni matunda na mboga. Majani ni kidogo tu, ya harufu."

"Mimi siyo mbuzi," amesema, akageukia ukuta.

Nimeliacha hapo juu ya stuli nikaenda kufua. Nilivyokuwa na hasira, nimeitwanga hiyo nguo kwenye jiwe kama imenikosea. Niliporudi bakuli lilikuwa tupu, na giligilani yote imepangwa pembeni, jani moja moja.

Ijumaa, 13 Januari

Amekula tena. Amesema tena kwamba ni majani.

Jumanne, 17 Januari

Maji yamekatika mtaa mzima. Nimeosha matango kwa maji ya kununua. Yeyo ameuliza kama nimemsikia Lesian. Nimesema sijamsikia.

Ijumaa, 20 Januari

Vipande vya jana vilimkwama, akakohoa mpaka machozi. Leo nimekata vidogo, ukubwa wa punje ya mahindi. Embe nimeliacha, lina nyuzi. Nimeongeza parachichi, linateleza.

Amekula taratibu, jicho kwenye mlango. Kila pikapu ikipita barabarani kijiko kinasimama hewani, ikipotea kinaendelea. Sijui kama mwenyewe anajua anafanya hivyo. Nilitaka kumkasirikia, nikashindwa, maana mimi nilifanya hivyo hivyo mwaka mzima uliopita.

Alhamisi, 26 Januari

Leo uvumilivu umeniishia. Nilikuwa nakwangua karoti, naye akaita, "Mchaga, maji." Nikamwambia, "Yeyo, hata mbwa wa Mama Evaresta ana jina. Mimi nina kosa gani?"

Nilidhani atanuna. Badala yake ameweka mikono juu ya mapaja.

"Siku ile uliingia," amesema.

"Niliingia wapi?"

"Kwangu. Siku ya harusi."

Naikumbuka vizuri. Tulitoka kanisani, Lomayani akatupandisha Olmotonyi kwa gari la kuazima. Mimi nilikuwa na mkungu wa ndizi na pombe ya mbege ya kutoka nyumbani Kibosho, na nia yangu ilikuwa kuonyesha kwamba Wachaga hawakuwapelekea mvivu. Gari halijasimama sawasawa nikaruka chini, nikapita langoni, nikawasalimia wazee wote shikamoo, nikaingia jikoni nikauliza kuni ziko wapi. Watu walinyamaza. Nikasema moyoni, kumbe Waarusha ni watu wapole.

"Bibi arusi wetu haingii," Yeyo amesema. "Anasimama langoni. Anaombwa. Anaambiwa, ingia, utapata ndama. Hataki. Ingia, utapata mbuzi. Hataki. Halafu mama mkwe anakuja na kondoo. Mimi nilikuwa na kondoo wangu, kamba mkononi. Ningekupa, ungeingia. Tangu hapo ungeniita Paker, na mimi ningekuita Paker. Ni kusema, huyu ndiye wa kondoo, tulipeana. Ni jina la watu wawili tu, hakuna mwingine analitumia. Lakini wewe ulipita. Ulipita hapa." Amegusa bega lake la kulia. "Nikarudisha kondoo zizini."

"Mbona hukuniambia?"

"Zawadi haimkimbilii mtu."

Miaka sita nimeamini ananichukia kwa sababu sijazaa. Usiku nilihesabu makosa yangu mengine pia, kwamba mimi ni Mkatoliki na yeye Mlutheri, kwamba napika ndizi, kwamba nacheka kwa sauti. Kumbe nilimpita mama wa watu na kamba mkononi, mbele ya ukoo wake mzima, nikaenda kuuliza kuni.

Ijumaa, 27 Januari

Kwetu mtu akikosa anashika jani la sale, anampelekea aliyemkosea, na huyo hana ruhusa ya kukataa kusamehe. Mama Evaresta ni Mchaga wa Rombo, amepanda masale kwenye ua wake. Nimekata jani moja refu, nikapiga magoti, nikampa Yeyo kwa mikono miwili, nikamweleza maana yake.

Ameligeuza huku na huku. "Na hili pia nile?"

Nimecheka mpaka nikakaa chini. Yeye hakucheka, lakini mdomo wake ulifanya kitu. Jani ameliweka chini ya mto. Mchana ameniita Mchaga kama kawaida.

Jumatano, 1 Februari

Joto. Vikombe vyote vimekwisha kabla ya saa sita. Yeyo amekula nusu bakuli.

Jumamosi, 4 Februari

Nimemwona Lesian.

Nilikuwa Soko Kuu, nimeinama juu ya rundo la matikiti, nayagonga nisikilize lililoiva. Nikasikia kicheko. Kicheko cha mtu uliyelala naye miaka minne hakihitaji sura. Nikainuka. Alikuwa ameegemea pikapu nyeupe, buti mguuni, miwani ya jua usoni kama rubani. Ndani ya gari kwenye kiti cha mbele kulikuwa na mwanamke analamba aiskrimu. Hakuwa hata mzuri sana, naandika hivyo kwa sababu daftari ni langu.

Hakukimbia. Nilitamani angekimbia, ningejua ana aibu.

"Agi," ameniita. "Umekonda."

"Aliyekonda ni mama yako. Yuko kwangu. Ana uvimbe kooni."

"Nimesikia, Lomayani alituma mtu."

"Alituma lini?"

Amevua miwani, akaifuta kwenye shati. "Mambo yameingiliana, Agi. Tumekaribia mawe. Nikitoka shimoni sasa hivi wenzangu watanizunguka."

"Umetoka shimoni, Lesian. Uko sokoni."

Mwanamke ameacha kulamba. Nilikuwa na maneno ya mwaka mzima, nimeyapanga vizuri, mengine nilikuwa nayafanyia mazoezi huku namenya mananasi. Hata moja halikutoka. Nimesema tu, "Mimi usinirudie kama hutaki. Nitalia, nitanyamaza. Lakini yeye njoo umwone. Anakuuliza kila siku. Gari likipita anaacha kula."

Macho yake yalilowa, nimeyaona. "Jumapili ijayo," amesema. "Kweli tena, Agi. Siyo kesho, ile ijayo. Mwambie mama Jumapili."

Amechagua tikiti mwenyewe, akaligonga, akaliweka kwenye kikapu changu. "Mpelekee hili." Nimelibeba mpaka Themi. Lilikuwa zito, na nililia njia nzima bila kuwa na mkono wa kujifutia.

Jumapili, 5 Februari

Baada ya misa nimemwambia Yeyo. Nilikuwa nimewaza nimfiche ya sokoni, yule mwanamke na pikapu, nikaona uongo nao ni mzigo na mimi ninayo ya kutosha. Nimemwambia yote.

Ameuliza kitu kimoja. "Amenenepa?"

"Kidogo."

"Basi anakula," amesema, akapumua.

Nimemkatia tikiti la mwanawe, nikatoa mbegu zote, nikachanganya na tango lililokwanguliwa na ndimu. Amelimaliza bakuli zima, mara ya kwanza mwezi huu. Halafu ametuma habari kwa Lomayani alete yule kondoo wake mwenye kichwa cheusi, anayemfuga kwa ajili ya siku atakaporudi Lesian. Ni wa uzao wa yule wa langoni.

Jumanne, 7 Februari

Kondoo amefika. Tumemfunga kwenye mgomba. Anakula maganda ya tikiti, vikonyo vya nyanya, majani ya karoti, kila ninachotupa. Angalau mmoja hapa hana ubishi na majani.

Jumapili, 12 Februari

Nimeanza kukata alfajiri. Bakuli la Yeyo, halafu sufuria kubwa kwa ajili ya wageni: matango, nyanya, mananasi, hoho za kijani na nyekundu, parachichi tano, letusi kutoka kwa mama mmoja anayelimia mahoteli ya watalii. Ndimu nimeikamua mwisho, kama inavyotakiwa. Friji la Mama Evaresta limetolewa soda zote. Amezitoa mwenyewe bila kuombwa.

Yeyo ameoga. Amevaa shanga zake zote na kitenge cha buluu, akaniomba nimpake mafuta miguuni. Kiti tumekiweka kizingitini. Lomayani amekuja na kisu, amekaa kibarazani anakinoa ingawa kilishakuwa kikali.

Saa nne. Saa sita. Walutheri wametoka kanisani, Wakatoliki wametoka kanisani. Nimepanga sahani, nikazipangua, nikazipanga upya. Lomayani amekwenda mpaka barabara kuu akarudi. Pikapu nyeupe mbili zimepita, ya pili ilipunguza mwendo, Yeyo akashika fimbo yake akaanza kuinuka. Ilikuwa inakwepa shimo.

Saa tisa nimetoa sufuria kwenye friji kuonja. Saladi ikishatiwa chumvi ikakaa, inaanza kutoa maji. Nyanya zilikuwa zimelegea, parachichi limegeuka rangi, na letusi imelala juu ya maji yake. Hakuna cha kufanya, haitengenezeki. Nimesimama jikoni nayo mikononi nikamchukia Lesian kwa mara ya kwanza. Kabla ya hapo nilikuwa namngoja tu.

Jioni Yeyo amesema, "Barabara ya Mererani ni mbaya." Lomayani amefunga kisu chake kwenye gazeti akaenda zake. Nilipotaka kuvuta mlango amesema, "Acha wazi."

Jumatatu, 13 Februari

Saladi yote amekula kondoo.

Jumapili, 19 Februari

Hakuja. Yeyo alivaa tena shanga. Mama Evaresta alitoa tena soda kwenye friji.

Jumatano, 22 Februari

Vipande vimekwisha. Sasa naponda kwenye kinu kidogo, papai na parachichi na tango, mpaka viwe kama uji wa mtoto, nampa kwa kijiko cha chai. Amekuwa mwepesi. Nikimgeuza kitandani naogopa nguvu zangu mwenyewe.

Mama Evaresta analalamika kuhusu mlango. Anasema mtaa umejaa wezi, juzi redio imeibwa nyumba ya tatu. Nimemwambia aje amwambie Yeyo yeye mwenyewe. Amekuja, akaingia, akakaa nusu saa ameshika mkono wa Yeyo, akatoka bila kusema habari ya wezi.

Naogopa kuandika hili, lakini naandika. Nilianza kumtunza kwa sababu Lesian angerudi akanikuta namtunza. Sijui hiyo sababu ilianguka siku gani. Leo nimeitafuta, haipo.

Jumatano, 1 Machi

Jumatano ya Majivu. Nimetoka misa na alama yangu kwenye paji la uso. Yeyo ameuliza ni uchafu gani huo. Nimesema ni majivu, tunakumbushwa kwamba sisi ni mavumbi.

"Mimi sihitaji kukumbushwa," amesema. Halafu, "Niinue. Nipeleke nje."

Nimemshika kiunoni, tumekwenda hatua kwa hatua mpaka kwenye mgomba. Ameniambia nimfungulie kondoo. Nimemfungulia. Amezungusha kamba mkononi mwake, akaegemea fimbo, akanyoosha kidevu kuelekea lango la Mama Evaresta.

"Toka. Kaa nje ya lango."

"Yeyo, utaanguka."

"Toka, Mchaga."

Nimetoka. Nimesimama barabarani na kanga yangu na majivu yangu, watoto wa jirani wameacha mpira wanatazama. Yeye amekuja polepole mpaka langoni, kondoo anamvuta upande huu, fimbo upande ule. Jua lilikuwa kali. Ilimchukua muda mrefu, na nilijua nisimkimbilie.

"Huyu nilimweka kwa ajili ya mwanangu," amesema. Sauti yake siku hizi ni ya kukwaruza tu. "Nimemngoja. Ingia, utampata wewe."

Nilikuwa nalia. Mguu ulitaka kwenda wenyewe, nikauzuia. Nilisimama.

Ametabasamu. Mungu anajua nimeyaona meno yake yote yaliyobaki. "Sasa umejifunza," amesema. "Ingia. Nakuomba. Ingia, Paker."

Nimeingia. Nimeipokea kamba kwa mikono miwili.

"Asante, Paker," nimemwambia, na kwa kuwa alikuwa anaanguka, nimemkumbatia.

Alhamisi, 2 Machi

"Paker, maji." "Haya, Paker." Siku nzima. Mama Evaresta anadhani tumepata wazimu.

Jumatatu, 6 Machi

Naponda, halafu nachuja. Maji ya tango, maji ya tikiti, tone la ndimu. Vijiko vitatu, basi.

Sikwenda kazini. Kuna mama mwingine ameanza kuuza saladi pale Mnara wa Saa, ananiambia Mama Evaresta, na yeye anatia sukari. Auze tu.

Alhamisi, 9 Machi

Hamezi tena. Nachovya kitambaa safi kwenye maji ya tango ya baridi, naweka mdomoni mwake, anafyonza. Amefumba macho, lakini uso umeelekea mlangoni. Asubuhi ameuliza, "Paker, mlango?"

"Uko wazi, Paker."

Amenipa kondoo, na jina amenipa. Hata hivyo hajaacha kumngoja Lesian. Sikuona wivu. Niliona uchungu tu, ule wa kujua kwamba ningeweza kumfanyia kila kitu isipokuwa kumletea mwanawe.

Jumamosi, 11 Machi

Amefariki saa nne asubuhi. Nilikuwa namenya tango.

Jumanne, 14 Machi

Tumemzika Olmotonyi, nyuma ya nyumba yake, chini ya msitu. Wingu lilikuwa limeshuka mpaka kwenye miti, hakuna aliyeuona mlima. Kwaya ya Kilutheri imeimba vizuri. Mimi nimekuja nyuma ya jeneza na kondoo wangu, kwa kuwa sikuwa na wa kumwachia, na pia kwa sababu nilitaka.

Langoni nimesimama. Jeneza limepita, watu wamepita, nimesimama tu. Bibi mmoja wa ukoo amerudi kunitazama. "Mbona huingii?" ameuliza.

"Mara ya kwanza niliingia bila kuombwa."

Ametazama kamba. "Nani amekupa huyo?"

"Yeyo. Mkononi."

Amenishika kiwiko. "Basi ulishaombwa, mwanangu. Ingia." Na ameniingiza yeye mwenyewe, akanipeleka mpaka mbele, karibu na kaburi.

Lesian alikuwepo. Lomayani alimfuata Mererani, amekuja na suti na miwani ile ile. Baada ya maziko wanaume walianza kuzungumza habari ya nyama, naye akanijia. "Agi, huyo kondoo wa mama mlete achinjwe, watu wale."

"Siyo wa mama. Ni wangu."

"Mama alimfuga kwa ajili yangu. Kila mtu hapa anajua."

"Ni kweli alimfuga kwa ajili yako. Akavaa shanga Jumapili ile, akakaa mlangoni. Akavaa tena Jumapili iliyofuata. Halafu akanipa mimi."

Ameuliza kwa sauti ndogo, "Alisema nini kuhusu mimi?"

Hapo nilikuwa naye mkononi. Ningeweza kumwambia, hakukutaja. Kitu hicho kingemkaa kooni mpaka azeeke, na nilitaka kimkae, nilitaka sana. Lakini ingekuwa kumsingizia Paker wangu maneno akiwa hajapoa kaburini.

"Alisema mlango usifungwe," nimemwambia. "Tangu siku aliyofika mpaka ya mwisho. Haukufungwa hata mara moja."

Lesian ameanguka chini akalia kama mtoto, miwani imeanguka kwenye tope, wazee wamekuja kumwinua. Sikumgusa. Nimevuta kondoo wangu tukaondoka kabla ya nyama.

Jumapili, 19 Machi

Mvua. Ile yenyewe, ya masika. Imeanza mchana kwa matone makubwa juu ya bati, sasa mfereji wa Mama Evaresta unanguruma na mgomba umeinama.

Nimetengeneza saladi. Nilikuwa na njaa na matango yalikuwepo. Nimekata, nimekamua ndimu, nimekaa kula, ndipo nikaona nimekata vipande vidogo sana, ukubwa wa punje ya mahindi. Nina meno yangu yote. Nimekula hivyo hivyo, kwa kijiko cha chai, katika bakuli la ua la buluu. Giligilani nimeipanga pembeni, jani moja moja.

Chini ya mto wake nimekuta lile jani la sale, limekauka, halijakunjwa.

Maji yalikuwa yanaingia mlangoni, yamefika miguu ya kitanda. Nimeinuka nikaufunga mlango. Ni mara ya kwanza tangu Januari. Umekwama kidogo, mbao zimevimba, nimeusukuma kwa bega. Chumba kimekuwa giza, na kimya, na nikalia kwa sauti, maana hapakuwa na wa kumsumbua.

Halafu kondoo amelia nje. Nilimsahau, nilimwacha amefungwa kwenye mvua. Nimefungua mlango, nikatoka nimelowa mpaka ndani, nikamvuta hadi kizingitini. Kafika pale akagoma. Amekaza miguu minne, hataki kuingia.

"Ingia," nimemwambia. "Nakuomba. Ingia, Paker."

Siyo jina lake, najua. Lakini limebaki mdomoni mwangu, na hakuna mtu mwingine duniani wa kumwita hivyo.